Tulikwenda Kigali Kutazama Udongo

Alhamisi, 22 Februari 2024. Arusha hadi Kahama

Nilipofika stendi saa kumi na moja alfajiri nilimkuta Mzee ameshakaa kwenye benchi, koti la kaki limefungwa vifungo vyote, mkononi kashika kifuko cha kitambaa. Nikamwamkia, akaitikia, kisha akanifungulia kile kifuko nichungulie. Udongo.

"Wa kiwanja namba mbili," akasema. "Nataka nikaulinganishe na wao."

Mzee huyu ametunza viwanja vya tenisi Arusha kwa zaidi ya miaka arobaini. Mimi nilimkuta pale nikiwa na miaka kumi na mmoja, mwokota mipira wa jioni, na siku moja mvua ilipovunja mchezo alinipa chekeche nimsaidie badala ya kuniambia nirudi nyumbani. Leo kazi yake ndiyo yangu. Viwanja vyetu ni vya kichuguu. Udongo wa mchwa unavunjwa, unapondwa, unachekechwa mpaka uwe unga, unatandazwa, unamwagiwa maji, unashindiliwa kwa rola, na kesho yake asubuhi unaanza tena. Saruji ukishaimwaga umemaliza. Udongo unataka mtu.

Niliposikia kwamba ATP, chama cha tenisi ya kulipwa ya wanaume, kimeipa Rwanda mashindano mawili ya Challenger kwa mara ya kwanza, wiki mbili mfululizo, na kwamba yatachezwa kwenye udongo, nilimfikiria yeye kabla sijajifikiria mwenyewe. Maisha yake yote ametengeneza viwanja vya udongo, na mechi ya kulipwa kwenye udongo ameiona kwenye televisheni tu. Nikamwuliza kama mgongo wake utavumilia basi. Akanijibu, "Mwenda bure si mkaa bure," akaenda kutafuta pasipoti yake.

Kwa msomaji asiyefuatilia tenisi: juu kabisa kuna mashindano makubwa manne, kisha mzunguko mkuu wa ATP. Chini ya hapo ndipo ilipo Challenger, daraja la pili, iliyoanza mwaka 1978. Huko utawakuta watu wa namba 150 duniani, wa 300, wa 600. Wapo vijana wanaopanda na wapo wenye mvi za kwanza wanaojaribu kurudi walikotoka, na wote wanapita mlango mmoja. Challenger zenyewe hupangwa kwa pointi anazopata bingwa: 175, 125, 100, 75 na 50. Kigali ilipewa ya 50. Bingwa wa Roland Garros, mojawapo ya yale makubwa manne, hupata 2,000.

Tulipita Babati, tukafika Katesh kabla ya saa sita. Hapo basi zima lilinyamaza. Tarehe 3 Desemba tope lilishuka kutoka Mlima Hanang na kuua watu zaidi ya 80, na kovu la njia lilikopita bado lilionekana. Mzee alivua kofia, akaivaa tena tulipokwisha kuuacha mji.

Baada ya Singida akachangamka. Kuanzia Shelui hadi Igunga na Nzega vichuguu vimesimama kila upande wa barabara, vingine virefu kuliko mtu, vyekundu, vya kijivu, vya rangi ya chai ya maziwa. Alikuwa akininyooshea kidole dirishani. Kile chepesi, kitapasuka jua likiwaka. Kile kizuri. Kile kizuri sana, ona kilivyosimama bila nyasi. Tulilala Kahama, nyumba ya wageni karibu na stendi, na hata kwenye wali na maharage alikuwa bado anaongea habari za mchwa.

Ijumaa, 23 Februari. Kahama hadi Kigali

Tairi lilipasuka kabla ya Nyakanazi, tukapoteza saa mbili. Sina zaidi la kusema juu ya hilo.

Abiria aliyekaa mbele yetu, mama mmoja mfanyabiashara wa mchele, alikiona kifuko cha Mzee na kumwuliza kina nini. Aliposikia ni udongo akamwambia kwa upole, "Baba, huo mpakani haupiti. Udongo unabeba magonjwa ya mimea, una vibali vyake." Mimi niliyejifanya mpangaji wa safari sikuwa nimelifikiria hata kidogo. Tulipofika Benako Mzee alishuka, akaumwaga chini ya mti, akakikung'uta kifuko mara tatu, akakikunja na kukitia mfukoni. Hakulalamika. Ila alikaa kimya muda mrefu, nami nikajua kwa nini, maana Benako ni jina ambalo watu wa umri wake hawalisikii hivihivi. Mwishoni mwa Aprili 1994 wakimbizi wapatao robo milioni walivuka daraja la Rusumo kwa muda wa siku moja hivi, wakajazana kwenye vilima hivi vya Ngara.

Pale Rusumo Mto Kagera unaporomoka chini ya daraja kwa kishindo, na karibu yake kuna kituo cha umeme cha megawati 80 ambacho Tanzania, Rwanda na Burundi wanagawana. Ng'ambo ya mto gari linahamia kulia mwa barabara na saa inarudi nyuma saa moja. Mzee aligoma kubadilisha yake. Alisema saa yake ni ya Arusha na itabaki ya Arusha.

Kirehe, Kayonza, Rwamagana, migomba juu ya migomba, kilima baada ya kilima. Kigali tuliingia gizani, taa zimetapakaa mabondeni. Tumefikia Nyamirambo kwa dada wa rafiki yangu mmoja niliyewahi kufanya naye kazi. Kiswahili ni lugha rasmi Rwanda tangu 2017, lakini Nyamirambo, mtaa wa Waislamu na wafanyabiashara, kimezungumzwa kwa vizazi. Mwenyeji wetu alitupokea kwa "Shikamoo Mzee, poleni na safari," na Mzee, aliyekuwa na wasiwasi wa lugha njia nzima, aliketi kama mtu aliyefika kwake.

Jumamosi, 24 Februari. Umuganda

Jumamosi ya mwisho wa mwezi ni siku ya umuganda, kazi za pamoja za kila mtaa. Asubuhi magari hayatembei, maduka yamefungwa, na watu wa kila mtaa wako nje na majembe na fyekeo. Tungeweza kubaki ndani kama wageni. Mzee aliomba jembe. Tulizibua mfereji wa maji na majirani mpaka saa tano, kisha kikafuata kikao cha mtaa ambacho hatukukielewa, maana kilikuwa cha Kinyarwanda, lakini tulikaa mpaka mwisho.

Jirani mmoja aliona jinsi Mzee alivyolaza ukingo wa mfereji kwa bapa la jembe, akamwuliza kama ni fundi ujenzi. "Hapana," akajibu. "Mimi ni wa viwanja."

Jumapili, 25 Februari. Mchujo

Siku ya mwisho ya mashindano ya baiskeli ya Tour du Rwanda, kwa hiyo barabara nyingi zilifungwa na tulitembea sehemu kubwa ya njia kwenda Kicukiro. Viwanja viko ndani ya chuo cha ufundi cha IPRC Kigali, kwenye klabu iitwayo Ecology. Tuliingia, na kwa dakika kumi nzima hatukutazama mchezaji yeyote.

Ni vyekundu. Nafahamu kwamba kila mtu anajua udongo wa tenisi ni mwekundu, lakini kuna wekundu wa kwenye televisheni na kuna huu, uliolowa, uliosafishwa, wenye mistari myeupe iliyokaa sawa kama uzi wa fundi. Ulaya wekundu huo hutokana na matofali yaliyosagwa. Roland Garros kile unachokiona juu ni unga wa tofali wa milimita chache tu, na chini yake kuna mawe ya chokaa yaliyopondwa, kisha masalia ya makaa, kisha changarawe, kila tabaka likiwa na kazi ya kushika maji au kuyaachia. Mzee aliinama pembeni ya uzio, akaokota chembe zilizorushwa nje na ufagio, akazisaga kati ya kidole gumba na cha shahada, akanusa. Hakusema kitu. Akazirudisha.

Mchujo ndiyo sehemu ninayoipenda kuliko zote na ndiyo isiyotazamwa na mtu. Wachezaji 24 wanagombea nafasi sita za kuingia kwenye mashindano yenyewe ya watu 32. Anayeshindwa leo amesafiri kutoka Ulaya au Amerika ya Kusini kwa mechi moja. Nilimwona kijana mmoja mrefu aliyekuja peke yake, bila kocha, akabeba begi lake, akapeleka raketi zake mwenyewe kwa fundi wa nyuzi, akajaza chupa zake za maji mwenyewe. Mwaka huu wa 2024 ATP ilianza kuwahakikishia kiwango cha chini cha kipato wachezaji walio ndani ya 250 bora, dola 300,000 kwa mia wa kwanza, 150,000 hadi wa 175, na 75,000 hadi wa 250. Ni hatua njema na niliifurahia. Ila walio chini ya mstari huo bado wanapiga hesabu ya tiketi na hoteli kila Jumapili jioni.

Yule mrefu alipoteza katika seti ya tatu. Alikaa kitini taulo limemfunika kichwa, na vijana wa uwanja wakaanza kuburuta wavu wa kusawazisha kuzunguka miguu yake, taratibu, bila kumgusa.

Jumatatu, 26 Februari. Alama

Leo nimejifunza kusikiliza. Mzee alinikataza kutazama mpira kwa gemu mbili. "Sikiliza miguu," akaniambia. Mchezaji wa udongo hakimbii akasimama. Anakimbia, anateleza, anapiga akiwa bado anateleza, na anapomaliza kuteleza ameshaanza kurudi katikati. Kiwanja kizuri kinatoa sauti ndefu, laini, kama mtu anayefagia baraza. Kiwanja kikavu kinakwaruza. Kiwanja kilicholowa mno hakisemi chochote, mguu unakwama, na hapo ndipo magoti yanapoumia.

Jambo jingine ni hewa. Kigali iko juu ya mita 1,500, hewa ni nyepesi, mpira unapaa. Wageni kadhaa walikuwa wanaupiga nje ya mstari wa nyuma halafu wanaitazama raketi. Kwa mafundi wa nyuzi hiyo ni kazi, kwani mkazo wa nyuzi huongezwa ili mpira usiruke ovyo. Arusha iko karibu sawa na hapa, tunayajua haya. Kwenye udongo, ambako mpira hupunguzwa mwendo na kuinuka juu, na kwenye hewa hii, ambako unaongezewa mwendo, mchezaji anavutwa pande mbili kwa wakati mmoja.

Mchana tukaona kile Mzee alichokuwa akikingoja. Mpira uligusa karibu na mstari, mwamuzi wa mstari akaita nje, mchezaji akanyoosha raketi kuonyesha alama. Mwamuzi wa kiti akashuka ngazi, akaenda, akainama, akautazama udongo. Watu wote kimya. Kisha akainua kiganja na kukilaza: ulikuwa ndani.

"Umeona?" Mzee akanishika mkono. "Hakumwuliza mtu. Kauliza kiwanja."

Ndiyo maana anafagia namna anavyofagia. Kiwanja chenye vumbi jingi alama yake inasambaa na kudanganya. Kilichokauka alama haishiki. Kwa miaka yote niliyomsikia akifoka "unga mwembamba, unga mwembamba!" nilidhani anapenda uzuri tu.

Jumanne na Jumatano, 27 na 28 Februari

Mechi nyingi, jua kali, isombe na mishikaki. Wachezaji wa nyumbani walipewa nafasi za mwaliko, na uwanja ulijaa wanafunzi waliokuja kuwashangilia. Tulimwona mmoja akishinda gemu yake ya kwanza, na kelele zilizopigwa zilimfanya mpinzani wake atabasamu. Alifungwa. Kushindwa raundi ya kwanza hakuna pointi hata moja. Lakini alicheza na watu ambao jana aliwaona kwenye simu, kwenye udongo aliozoea, mama yake akiwa jukwaani.

Mzee akanikumbusha habari za Paul Wekesa wa Kenya, aliyefika namba 100 duniani mwaka 1995. Alisema wakati ule walidhani atafuatiwa na wengine mara moja. Tangu hapo imepita karibu miaka thelathini. Tukamzungumza pia Angella Okutoyi, Mkenya aliyetwaa Wimbledon ya wasichana wawili wawili mwaka 2022. Mimi naamini kinachokosekana huku kwetu si miguu wala mikono. Mtoto wa Arusha akitaka pointi za kwanza za kulipwa mara nyingi inabidi apande ndege, na nauli hiyo inawamaliza wengi kabla hawajapiga mpira. Mashindano yakiwa safari ya basi, hesabu inabadilika.

Alhamisi, 29 Februari. Nyanza

Asubuhi hatukwenda uwanjani.

Jana jioni Mzee alimwuliza mwenyeji wetu chuo kile kilikuwa nini zamani, kwa sababu majengo mengine yanaonekana ya kale. Akatuambia. Kilikuwa ETO, shule ya ufundi. Aprili 1994 watu zaidi ya 2,000 walikimbilia pale kwa sababu kulikuwa na askari wa Umoja wa Mataifa kutoka Ubelgiji. Tarehe 11 Aprili askari wakaondoka. Watu wakaswagwa kwa miguu hadi kilima cha Nyanza na wengi wao wakauawa huko.

Tulikwenda Nyanza kwa miguu kutoka Kicukiro, barabara ileile kadiri tulivyoweza kuijua. Kuna makaburi, na kuna bustani ya kumbukumbu. Nilifikiria kama niandike sehemu hii katika habari za tenisi. Nimeiandika kwa sababu tulikuja kutazama udongo wa mahali pale, na hatukuweza kuutazama nusu.

Mchana tuliingia uwanjani tukakaa juu kabisa. Vijana wa chuo walikuwa wanapita na vitabu, wanasimama kwenye uzio, wanauliza matokeo.

Ijumaa, 1 Machi. Mvua

Ilinyesha usiku, ya nguvu. Saa moja asubuhi, ya Kigali, Mzee alikuwa mlangoni keshavaa viatu. "Leo ndiyo siku ya kazi," akasema. Mechi mtu yeyote anaweza kuangalia. Yeye alitaka kuona wanavyofufua kiwanja.

Tulifika mapema. Kijana mmoja wa zamu, mzaliwa wa Bukavu, alimwona Mzee amening'inia kwenye uzio, akamfuata akicheka. "Mzee, unaangaliaka udongo kama munganga anaangalia mugonjwa." Mzee akamwambia yeye ni nani. Yule kijana akamfungulia geti dogo.

Walikaa saa nzima pembeni, nami nikaandika kwenye daftari. Juu ya maji walibishana kweli. Mzee humwagia asubuhi. Kijana akasema maji ya maana ni ya usiku, mengi, yaende chini yakalale, na ya asubuhi ni ya kutuliza vumbi tu, maana uso ukilowa huku chini kukiwa kukavu, uso unabanduka kama magamba. Mzee akanyamaza, akasema, "Ndiyo maana namba mbili inabanduka." Miaka mingi tumekuwa tukilaumu mchanga.

Naye Mzee akampa chumvi. Chumvi ya mawe iliyopondwa ikinyunyizwa kidogo kwenye uso wa kiwanja huvuta unyevu wa hewa, na kiangazi vumbi linatulia. Kijana alijua kuna dawa ya dukani ya kazi hiyo. Hakujua kwamba chumvi ya kawaida inaweza kusaidia. Akamwuliza kiasi gani. Mzee akamwonyesha kwa kiganja, si kwa kilo.

Kisha likaja suala la madimbwi. Mtu asiyejua huchukua ufagio kuyasukuma, na hapo anasukuma maji pamoja na unga mwembamba, anaacha shimo. Wao huweka sponji, inanyonya, inakamuliwa kwenye ndoo, inarudi. Kazi ya kupiga magoti. Mzee akapiga magoti nao. Ana miaka sabini na mbili. Nikataka kumzuia, nikaona uso wake, nikaacha, nikachukua sponji yangu.

Robo fainali zilianza baadaye kwenye kiwanja hicho, mpira ukiwa mzito kwa unyevu, mapigo marefu zaidi. Sikumbuki vizuri matokeo. Nakumbuka Mzee akiitazama kona moja ya nyuma, upande wa kushoto, kila mpira ulipoangukia hapo.

Jumamosi, 2 Machi. Habari ya bibi

Jioni, baada ya nusu fainali, tukajua fainali itakuwa kati ya Kamil Majchrzak wa Poland na Marco Trungelliti wa Argentina. Mzee akaniuliza amshangilie nani. Nikamsimulia habari zao.

Majchrzak aliwahi kuwa ndani ya 80 bora. Kisha akafungiwa miezi 13 baada ya vipimo kukuta dawa iliyokatazwa. Ikakubaliwa kwamba hakukusudia, ilitoka kwenye kirutubisho kilichochafuka. Adhabu ilikwisha mwishoni mwa mwaka jana na sasa anapanda upya kutoka chini kabisa.

Trungelliti ana miaka 34. Mei 2018 alishindwa kwenye mchujo wa Roland Garros akarudi Barcelona. Bibi yake, mama yake na ndugu yake walikuwa wamemtembelea. Akapata habari kwamba kuna mchezaji anajitoa na nafasi ipo akiwahi kufika. Akakodi gari, akawapakia wote, bibi akiwa karibu na miaka tisini, wakaendesha karibu kilomita 1,000 hadi Paris, wakafika usiku wa manane. Asubuhi akaingia uwanjani na kumshinda Bernard Tomic kwa seti nne.

Mzee alisikiliza mpaka mwisho. "Bibi alivumilia njia yote hiyo?"

"Alivumilia."

"Basi mimi niko na huyo."

Jumapili, 3 Machi. Fainali

Majukwaa yalijaa. Watu waliosimama kwenye uzio walikuwa wengi kuliko waliokaa. Mzee alivaa tena lile koti la kaki, vifungo vyote.

Majchrzak alishinda kwa seti mbili. Alikuwa imara kuliko mwenzake pale penye uzito, mwishoni mwa kila seti, na hakuonyesha haraka. Nilimtazama mtu aliyenyimwa kazi yake kwa mwaka na zaidi akirudishiwa, pointi 50, mbali kabisa na kwao, na nilifurahi kwa ajili yake ingawa nilikuwa upande wa Mzee.

Mzee hakuhuzunika sana. Kwenye gemu za mwisho nilimwona ametazama chini, si wachezaji. Nyuma ya mstari, pale wanaposimama kupokea mapigo, udongo ulikuwa umelimwa kwa viatu, giza la tabaka la chini linaanza kuonekana. Nilijua anahesabu: usiku huu maji, kesho unga, rola mara mbili, na asubuhi wiki ya pili inaanza.

Wakati kombe linatolewa, yule kijana wa Bukavu na wenzake walikuwa wamesimama kwenye kona na fagio zao. Mzee akawapigia makofi wao. Mmoja akamwona, akainua ufagio.

Jumatatu na Jumanne, 4 na 5 Machi. Kurudi

Mwenyeji wetu alitufungia maandazi ndani ya karatasi, maana mifuko ya plastiki Rwanda ilipigwa marufuku tangu 2008. Alimwita Mzee "baba yangu" wakati wa kuagana na wote wawili wakageuka upande mwingine.

Hakubeba udongo wowote. Alipokitoa kile kifuko mfukoni pale Benako nilidhani atateremka kuutafuta wake chini ya mti. Alikitumia kufutia miwani.

Jumapili, 10 Machi. Arusha

Matokeo ya wiki ya pili yaliingia kwenye simu jioni. Bingwa wa Kigali, Marco Trungelliti. Nikapanda bodaboda hadi nyumbani kwa Mzee bila kupiga simu.

Nilimkuta uani, amekaa kwenye kigoda, lundo la kichuguu kilichopondwa mbele yake, mpira wa maji umelazwa tayari kwa ajili ya namba mbili usiku. Nikamwamkia. Nikamwambia Mwajentina wake amechukua.

Akasimamisha mkono. "Kumbe hakuondoka?"

"Hakuondoka. Alibaki akacheza tena."

"Kwenye kiwanja kilekile?"

"Kilekile."

Akatikisa kichwa mara kadhaa, polepole, akiuangalia unga uliomwagika kati ya miguu yake. Kisha akavuta kigoda cha pili kwa mguu, akanisogezea upande mmoja wa chekeche.